Mzee Rohrbach alivyoshuti mara moja akauza mara mbili, kisa cha Das Boot

Watu wakiitaja Das Boot, ile filamu ya Kijerumani ya 1981 kuhusu nyambizi ya vita, wanamtaja dairekta, Wolfgang Petersen, na ni haki yake maana ile kazi ndo iliyomfikisha Hollywood. Wengine wanamkumbuka Jürgen Prochnow na yale macho yake ya kapteni aliyekesha. Ila kuna jina la prodyuza linapita pale na hakuna anayelisoma, Günter Rohrbach, na mimi nimekaa na kisa chake muda mrefu kwa sababu naishi kwenye hizi hizi shughuli za kushuti na kuediti, na kila nikirudi kwenye lile swali la hela inatoka wapi na itarudije najikuta nimerudi kwa huyu mzee. Kwa hiyo nataka nikifungue hiki kisa chote, tangu kabla hajaushika mradi mpaka kesi zilizofika mahakamani miaka mingi baadae, maana humo ndani kuna ufundi mkubwa wa uprodyuza na kuna jambo moja ambalo mpaka leo linaniuma.

Rohrbach alizaliwa Oktoba 1928 Neunkirchen, mji wa makaa ya mawe na chuma huko Saarland, mpakani na Ufaransa. Hakuanza kama mtu wa kamera hata kidogo. Alisoma fasihi na falsafa, akachukua udaktari kwa utafiti wa riwaya ya karne ya 17, akawa anaandika tahakiki za filamu gazetini, alafu 1961 akaingia WDR, kituo cha utangazaji cha umma cha Cologne, na 1965 akapewa idara ya tamthilia. Pale alikaa mpaka 1979. Yaani huyu ni mtu wa vitabu aliyeketishwa kwenye meza ya hela, na nadhani hapo ndo siri yake ilipo kwa sababu alijua kusoma skripti kwanza na hesabu baadae, ila zote mbili alizijua.

Miaka yake ya WDR nikiieleza yote hatutafika. Itoshe kusema idara yake ndo iliyorusha Das Millionenspiel mwaka 1970, tamthilia iliyotengenezwa kama shindano la tivi ambapo mtu anawindwa na wauaji siku saba, akipona anachukua mark milioni moja, mark ndo ilikuwa hela ya Ujerumani wakati ule, na watazamaji wakapiga simu wakiomba nao wakashiriki. Wakarusha Smog 1973, kuhusu hewa chafu ya viwanda kwenye bonde la Ruhr, watu wakadhani ni taarifa ya kweli wakaogopa. Dairekta wa Smog alikuwa kijana mmoja wa Emden, mji wa bandari kaskazini kabisa, anaitwa Wolfgang Petersen. Likumbuke hilo.

Na Januari 1979 WDR ndo waliochukua ile series ya Marekani, Holocaust, kuhusu mauaji ya Wayahudi enzi za Hitler, vituo vingine vya ARD, yaani muungano wa vituo vya umma ambao WDR wamo, vikawa vinaikataa ikabidi ionyeshwe kwenye chaneli za tatu za mikoani, na hata hivyo mamilioni ya Wajerumani wakakaa mbele ya tivi usiku nne, simu zikamiminika vituoni kwa maelfu, watu wanalia, wengine wanatukana. Siku chache kabla, watu wa mrengo wa kulia walilipua mitambo ya kurushia matangazo. Julai mwaka huo huo bunge likafuta ukomo wa muda wa kushtaki mauaji. Sisemi series ndo iliyopitisha sheria, mjadala ulikuwepo kabla, ila nataka uelewe huyu mtu alipotoka WDR alikuwa ameshaona kwa macho yake simulizi moja iliyotengenezwa kwa ajili ya watu wa kawaida inavyoweza kutikisa nchi, wakati wasomi wenzake wengi walikuwa wanaiita takataka ya Hollywood.

Sasa tuje kwenye wazo lenyewe. Mwaka 1977 Rohrbach aliandika makala akitetea kitu alichokiita filamu ya amfibia. Amfibia ni kama chura, majini anaishi, nchi kavu anaishi. Alichokuwa anasema ni kwamba Ujerumani Magharibi ya wakati ule sinema peke yake haina ubavu wa kulipia filamu kubwa, na tivi ina hela ya ada wanayolipa wananchi kila mwezi lakini haina ule ukubwa wa picha, kwa hiyo acheni kugombana, tengenezeni kitu kinachoweza kuishi kote kuwili. Tangu 1974 kulikuwa na makubaliano rasmi ya vituo vya tivi kuchangia filamu za sinema kwa hiyo wazo halikutoka hewani, lakini yeye alilisogeza mbali zaidi, hakutaka tivi iwe mfadhili wa pembeni anayesubiri nakala, alitaka kazi ifikiriwe tangu siku ya kwanza kwamba ina maisha mawili.

Watu wa sinema wakamshambulia. Walisema ukitengeneza kitu cha pande mbili utapata kitu kisicho na upande, sinema itakuwa ndogo kama tivi na tivi itakuwa na mbwembwe zisizo na maana. Na kiukweli hoja yao haikuwa ya kijinga. Lakini karatasi ni karatasi, wazo lilihitaji kazi moja ya kulipima.

Mwaka 1979 Rohrbach akahamia Geiselgasteig, nje kidogo ya Munich, kuongoza studio za Bavaria. Bavaria ni kampuni ya biashara lakini nyuma yake kulikuwa na makampuni ya vituo vya umma, WDR wakiwemo, kwa hiyo alihama kiti tu, wale wenye hela alikuwa anawajua kwa majina na wao wanamjua. Na alipofika alikuta mzigo umelala pale. Nyambizi.

Hadithi ya huo mzigo ni hii. Lothar-Günther Buchheim alikuwa mwandishi wa habari za vita wa jeshi la majini la Hitler, 1941 akapanda nyambizi U-96 na kusafiri nayo Atlantiki, na 1973 akatoa riwaya ya safari hiyo ikauzwa kwa wingi mno. Bavaria wakapata haki za kuifanya filamu na mpango wa kwanza ulikuwa waifanye na Wamarekani. Akatajwa John Sturges kama dairekta na Robert Redford kama kapteni, ikafa. Akaja Don Siegel na Paul Newman, ikafa nayo. Buchheim hakukubaliana na jinsi Wamarekani walivyotaka kuisimulia hadithi yake, mazungumzo yakavunjika, na huku nyuma mafundi walikuwa wameshaanza kujenga nyambizi za bandia kwa hela nyingi. Kwa hiyo picha aliyoikuta Rohrbach ni ya studio yenye vyuma vya gharama, kitabu maarufu, mwandishi mkali, haina dairekta, haina staa.

Prodyuza mwingine angefanya nini hapo? Naona angefanya moja kati ya mawili, angetafuta Mmarekani wa tatu, au angeuza vyuma afunge hesabu. Rohrbach alifanya la tatu, na ukiliangalia vizuri ni uamuzi mmoja wenye vipande vingi vilivyoshikana, ukitoa kimoja vingine vinaanguka.

Alisema filamu itakuwa ya Kijerumani, kwa Kijerumani, na waigizaji Wajerumani ambao wengi wao nje ya nchi hawajulikani kabisa. Prochnow alikuwa anajulikana nyumbani, Herbert Grönemeyer aliyeigiza kama mwandishi wa habari alikuwa mwanamuziki wa teatri ya Bochum, Klaus Wennemann, Jan Fedder, watu ambao Mmarekani hajawahi kuwasikia. Dairekta akampa Petersen, kijana wake wa enzi za Smog, mtu aliyejijenga kwenye tivi, alishafanya vipindi kadhaa vya Tatort, series ya tivi ya upelelezi. Na kitakachoshutiwa kitaediwa mara mbili, filamu ya sinema na series ya tivi, WDR na kituo cha Stuttgart, SDR, wanatia hela.

Bajeti ikafika kama mark milioni 32. Ili uielewe hiyo namba iweke karibu na kazi nyingine ya Bavaria na WDR ya wakati ule ule, Berlin Alexanderplatz, series ya tivi ya dairekta Fassbinder, iliyotoka 1980, vipindi 13 na hitimisho, zaidi ya masaa 15, kwa kama mark milioni 13. Piga hesabu mwenyewe, Fassbinder alikuwa anatumia chini ya milioni moja kwa saa. Das Boot kwa tivi ni kama masaa matano, kwa hiyo ni zaidi ya milioni 6 kwa saa. Hakuna kituo cha tivi cha Ujerumani kingekubali hiyo bei kwa series. Na hakuna msambazaji wa sinema wa Ujerumani angebeba milioni 32 peke yake kwa filamu isiyo na staa. Kila mlango ukienda peke yako unafungwa, ila ukienda na funguo zote mbili kwa pamoja yote inafunguka. Hiyo ndo amfibia kwa lugha ya hela, na ndo sababu namwita fundi.

Ila naomba tusiishie kwenye hela, maana wengi wanaoiga huwa wanaishia hapo wanaharibikiwa.

Kitu kilichofanya mpango ukubali ni aina ya hadithi. Ndani ya nyambizi kuna mambo mawili tu, kusubiri na kuogopa. Wanakaa wiki nzima hawajaona meli, wananuka, wanagombana, mkate umeota ukungu, ndevu zinakua, alafu ghafla adui yuko juu yao na mabomu ya kina kirefu yanashuka na hakuna pa kukimbilia. Sinema inachukua ule woga, tivi inachukua ile subira. Toleo la sinema la 1981 ni dakika 149, limebana, linakukaba koo. La tivi linakupa muda wa kukaa na hawa vijana mpaka unachoka nao, unawajua mmoja mmoja, na ukishachoka nao ndo unaanza kuwapenda. Sio filamu moja iliyovutwa ikawa ndefu, ni hadithi moja yenye mapigo mawili tofauti ya moyo, na yote mawili ni ya kweli. Riwaya ya mahakamani haina hiyo, hadithi ya mapenzi mara nyingi haina hiyo, wao walikuwa nayo kwa sababu ya lile bomba la chuma lenyewe.

Alafu angalia setti inavyoingia kwenye hesabu. Nyambizi ya aina ile ina urefu kama wa mita 67. Walijenga sehemu yote ya ndani kwa ukubwa wake halisi, Rolf Zehetbauer ndo aliyekuwa msanifu wa setti, aliyewahi kuchukua Oscar kwa Cabaret, wakaipandisha juu ya mitambo ya haidroliki ikawa inayumba na kuinama mpaka watu wanadondoka kweli. Wakawa na nyambizi nyingine ya ukubwa kamili kwa ajili ya kuonekana kwa nje, wakawa na mnara peke yake kwenye bwawa la studio, na modeli ndogo za baharini, mojawapo kama mita 11. Gharama kubwa ni kujenga. Ukishajenga, siku ya ziada ya kushuti ndani ya kitu hicho hicho, na waigizaji hao hao, nguo hizo hizo, ni nafuu ukilinganisha na dakika unazozipata. Kwa hiyo yale masaa mawili na nusu ya ziada ya tivi hayakugharimu hata karibu na masaa ya kwanza. Prodyuza yeyote anayefikiria kushuti mara mbili kwa moja ajiulize kwanza, setti yangu ni moja au kila scene nahama?

Kushuti kulichukua karibu mwaka mzima, 1980 kuingia 1981, na walishuti kwa mfuatano wa hadithi, kitu ambacho maprodyuza hawakipendi kwa sababu kinakula hela, lakini hapa kilikuwa lazima kwa ajili ya ndevu na zile sura, na waigizaji walizuiwa kuota jua ili wabaki weupe kama watu waliofungiwa. Jost Vacano, mpiga kamera, alijitengenezea kamera ndogo iliyotulizwa kwa jairoskopu, kifaa cha kuzuia mtikisiko, akavaa helmeti na kujifunga pedi kwa sababu alikuwa anakimbia nayo kutoka mwanzo wa nyambizi mpaka mwisho, anapenya kwenye yale matundu ya milango ya chuma, na zile picha za mabaharia wanakimbilia mbele ili pua ya nyambizi izame haraka ni yeye huyo anakimbia nao, hakuna reli, hakuna kreni. Mtu ukiziangalia leo bado zinashangaza. Jan Fedder alidondoka kwenye mnara wakati wa scene ya dhoruba akavunjika mbavu, mwenzake akapiga kelele mtu kaanguka, Petersen akaiacha scene vile vile. Na kule La Rochelle, Ufaransa, kwenye lile handaki la zege ambalo Wajerumani walilijenga kweli kwa ajili ya nyambizi zao, ile nyambizi ya bandia ya nje ilipigwa na bahari ikavunjika, ikabidi itengenezwe tena ili wamalizie. Spielberg nae alipita pale pale na kuazima nyambizi yao kwa ajili ya Raiders of the Lost Ark. Mshauri wao alikuwa Heinrich Lehmann-Willenbrock, kapteni mwenyewe wa U-96 aliyesafiri na Buchheim.

Filamu ikatoka Septemba 1981. Nyumbani kumbi zilijaa lakini wachambuzi waligawanyika, wengi walikuwa na wasiwasi kwamba unawaonea huruma wanajeshi wa Hitler bila kuonyesha vita ilikuwa ya nini. Huo wasiwasi mimi nauheshimu. Mtu akiuliza wale waliozama kwenye meli zilizopigwa wako wapi kwenye hadithi hii, ana haki ya kuuliza, ingawa scene ya wale mabaharia wa meli inayoungua wanaoruka majini wakiomba waokolewe na nyambizi inarudi nyuma inawaacha, kwangu ndo moyo wa filamu yote. Buchheim nae hakuridhika akasema hadharani, aliona kazi yake imepigiwa kelele mno. Kwa hiyo prodyuza alikuwa na mwandishi aliyekasirika na magazeti yaliyonuna, na kumbi zilizojaa.

Marekani ndo ilikuwa mtihani. Filamu inafungua kwa maandishi kwamba mabaharia wa nyambizi wa Ujerumani walikuwa 40,000 na 30,000 hawakurudi. Petersen alisimulia mwenyewe kwamba kwenye onyesho la Los Angeles, hiyo namba ilipotokea watu ukumbini walipiga makofi, wanafurahi kwamba wamekufa, akajua hapa tumekwisha. Filamu ilipoisha watu wale wale wakasimama kuwapigia makofi ya heshima. Kwenye Oscar za 1983 ikapata uteuzi mara sita, wa dairekta na wa skripti na kamera na kuediti na mambo mawili ya sauti, hakuna hata mmoja walioshinda, lakini kwa filamu ya Kijerumani ilikuwa haijawahi kutokea. Ikaingiza kama dola milioni 11 Marekani, ikiwa na Wajerumani watupu ndani yake. Lile suala la Redford na Newman likawa limejibiwa.

Sasa ona nidhamu. Mtu mwenye tamaa angekimbilia kurusha series mwaka unaofuata wakati jina bado la moto. Wao walishikilia. BBC wakaionyesha Oktoba 1984 kwa vipande sita, na ARD, watu ambao hela zao zimo ndani, wakasubiri mpaka Februari 1985 ndo wakarusha, vipande vitatu. Zaidi ya miaka mitatu tangu sinema. Sinema ikala mpaka ikashiba, kisha tivi ikapewa kitu ambacho hata aliyeiona ukumbini hajakiona. Na mwaka 1997 Petersen akarudi kwenye mikanda ile ile na kutengeneza toleo la dakika 209, sauti mpya, ikarudi kwenye kumbi za sinema na baadae kwenye DVD. Mikanda ya 1981 inazaa mpaka leo.

Nieleze kidogo yangu hapa. Miaka kadhaa iliyopita nilikuwa muediti kwenye kazi moja ambayo mwenye mali alituambia tufanye hivi hivi, filamu ya kuonyesha kumbini alafu hizo hizo picha ziwe series ya vipindi kumi. Nikafurahi, nikamsimulia habari za Rohrbach. Ila skripti ilikuwa ya filamu ya dakika 90, hakuna aliyeandika ile subira, kwa hiyo nilipofika kipindi cha nne nilikuwa natafuta hata picha za mtu anafungua geti ili dakika zitimie, nalala studio, naamka naangalia geti lile lile. Series ikatoka ina maji, filamu nayo ikakosa nguvu maana zile scene nzuri watu walishaziona kwenye simu kabla ya kumbi. Tulichukua ile hesabu yake ya hela tukaiacha hadithi, na ratiba ya kutoa hatukuifikiria kabisa. Bado najilaumu kwamba nilikuwa naijua Das Boot na sikusema mapema kwa sauti.

Na hata Ujerumani kwenyewe wazo la amfibia halikukua vizuri kila mahali. Baada ya mafanikio yale hela ya tivi ikawa karibu kila filamu, na wale wapinzani wa 1977 wakapata la kusema, kwamba sinema yao imekuwa mtoto wa kulelewa, kila skripti inapita kwa mhariri wa kituo anayewaza saa mbili na robo usiku, muda wa familia kuangalia tivi. Naona wana hoja nusu. Kosa sio chura kuishi kote kuwili, kosa ni kumzoeza kuishi kwenye ndoo. Rohrbach aliichukua hela ya tivi ili afanye kitu kikubwa kuliko tivi, waliomfuata wengi waliichukua ili wafanye kitu cha ukubwa wa tivi na kukipitisha kumbini wiki mbili.

Yeye aliondoka Bavaria 1994 akawa prodyuza wa kujitegemea. Akafanya Aimée & Jaguar 1999, akawa rais wa akademia ya filamu ya Ujerumani tangu ilipoanzishwa 2003, na 2007 akawaandikia wachambuzi makala kali kwenye Der Spiegel kwamba wananunia kila filamu ambayo watu wa kawaida wanaipenda, kidonda cha zamani kile. Na kuna kazi yake inayotugusa sisi, Die weiße Massai, yaani Mmasai Mweupe, ya 2005, kutoka kitabu cha Mswisi aliyekutana na mwanaume Msamburu akiwa Mombasa na kumfuata mpaka kwao kaskazini mwa Kenya. Walishutia Kenya, Wajerumani zaidi ya milioni 2 wakaenda kuiona. Hapa namlaumu waziwazi. Mtu aliyesimama imara kwamba nyambizi ya Wajerumani iigizwe na Wajerumani kwa Kijerumani, bila Redford wala Newman, alipokuja kwetu jina la filamu likaendelea kusema Mmasai wakati jamaa ni Msamburu, na aliyeigiza kama yeye, Jacky Ido, mwigizaji mzuri sana, ni mtu wa Burkina Faso. Ile kanuni iliyompa Das Boot hakuivusha Likoni.

Nimesema kuna jambo linaniuma, nalo ni la Vacano.

Ule mpango wa kuuza mara mbili, mara tatu, mara kumi, ulikuwa na upande wa mikataba. Vacano alilipwa kama mark 204,000 kwa ile kazi, mara moja, basi. Kwa mwaka 1980 yalikuwa malipo ya kawaida kwa mpiga kamera mkubwa, simlaumu Rohrbach kwa kumdhulumu mtu siku ile, mkataba wa namna ile ndo uliokuwepo kila mahali. Lakini filamu ikatoka sinema, ikatoka tivi, ikatoka kaseti, DVD, toleo jipya, marudio ya ARD na chaneli zake mwaka baada ya mwaka, na yeye hakuna senti inayorudi. Mwaka 2002 Ujerumani ikarekebisha sheria ya hakimiliki, ikasema kama kazi imeingiza faida isiyolingana kabisa na malipo ya aliyeitengeneza basi ana haki ya kudai nyongeza. Vacano akaenda mahakamani 2008, kwanza kudai tu waonyeshe vitabu vya mapato, alafu kudai sehemu yake, kesi moja dhidi ya Bavaria na WDR na kampuni ya video, nyingine dhidi ya vituo vingine vya ARD. Kesi zikapanda, zikashuka, zikarudishwa, majaji wakabishana namna ya kuhesabu thamani ya marudio moja ya tivi ambayo haina tiketi wala tangazo, swali ambalo kwa filamu ya amfibia ni gumu kuliko filamu nyingine yoyote, kwa sababu aliyelipia kuitengeneza ndo huyo huyo anayeirusha na hajilipi mwenyewe.

Maprodyuza wenzangu wakiniomba niwaelezee amfibia siku hizi naanzia hapa, kwenye ukurasa wa mkataba wa yule anayekimbia na kamera, kabla sijafika kwenye milioni 32. Das Boot ilijengwa juu ya kukimbia kwake. Mahakama kuu ya shirikisho ilipotoa hukumu kwenye kesi ya vituo vya ARD Februari 2020 na kuirudisha chini ikasikilizwe tena, Jost Vacano alikuwa na miaka 85.